Sufi ya bomba la maji ya moto

Jumamosi, Nachingwea. Kipupwe kimekaza. Asubuhi ukungu ulishuka mpaka kwenye mapaa, na vidole viliniuma hata kabla sijashika chuma.

Nina jambo la kukiri. Miezi mitano sasa namkimbia mke wangu Zainabu ndani ya nyumba yetu wenyewe. Natoka kazini, nakula, nageukia ukutani. Tangu tulipomzika mtoto wetu kijijini Matambarale, kwa wazazi wa Zainabu, sijui niongee naye nini. Mtoto alizaliwa kimya.

Mimi ni fundi bomba, na juzi niliitwa kwa karani Athumani. Anakaa katika nyumba aliyoihama mzungu mmoja, yenye pipa la maji nje juu ya kuni, na bomba linalofuata ukuta hadi bafuni. Mkewe, Hadija, ana kichanga cha wiki mbili. Maji yanachemka pipani, lakini yakifika bafuni yamepoa, maana bomba lote liko wazi kwenye upepo. Dawa yake ni kulivisha kitu kinachotunza joto. Magunia niliyopata stoo ya kazini yalikuwa membamba, tena mengine yameoza.

Jana tukila nikamweleza Zainabu, ili tu kuwe na maneno kati yetu. Akaingia chumbani, akatoka na godoro dogo la sufi alilolishona wakati wa mimba. Sikujua kama bado analo.

"Chukua," akasema.

"Hapana, Zainabu. Hili hapana."

"Linafanya nini humu ndani? Kuna mtoto anaogeshwa maji ya baridi."

Akaanza kukata uzi kwa meno.

Leo tumekwenda wote wawili. Karibu na pipa nimekandika udongo tu, kwa sababu sufi hushika moto upesi. Kuanzia hapo Zainabu alinipa sufi kidogo kidogo, mimi nikaizungusha kwenye bomba, nikaifunika kwa vipande vya gunia na kuikaza kwa kamba ya katani. Juu nikapaka lami, mvua isipenye. Mikono yetu iligusana mara nyingi.

Hakuna aliyeuondoa wake.

Hadija akafungua bomba bafuni, akapiga kelele za furaha. Maji yalikuwa yanatoa moshi! Kisha, bila kujua lolote, akamwambia Zainabu, "Dada, hebu nishikie huyu nipoze maji."

Nilisimama mlangoni na brashi ya lami mkononi.

Zainabu akampokea. Akajaribu maji kwa kiwiko, akamwogesha mwenyewe, taratibu, nyuma ya masikio, kwenye mikunjo ya shingo. Mtoto akapiga chafya. Zainabu akacheka.

Njiani kurudi akalia. Safari hii sikutangulia mbele. Nilisimama naye hapo hapo barabarani, watu wakipita.

"Mimi nilishampa mwanetu jina," akasema. "Hujaniuliza hata siku moja."

"Nakuuliza sasa."

Akaniambia.

Ni jina zuri. Siliandiki hapa bado. Nataka kwanza mdomo wangu ulizoee.

Kesho sina kazi. Nitamwomba anisimulie mtoto wetu alifanana na nani, maana siku ile mimi sikuthubutu kumtazama.