Mawe ya Sadoki

Jumatatu, 4 Juni 1951
Itumba. Baridi kali. Bwana wa wadudu, mtafiti ninayemfanyia kazi ofisini, amefurahi mno kwa buibui niliyemletea jana! Kanipa lenzi nijionee. Macho manane, safu mbili — mawili ya katikati ya safu ya nyuma si ya mviringo, yamelala mshazari, yanang'aa kama bati jipya. Mirija ya kutolea uzi imejitokeza nyuma, imeachana, haigusani kama ya buibui wengine. Na kwenye taya, mahali pa meno, ana kibao chembamba chenye mikato ya msumeno. Hiyo ndiyo alama yake, akasema. Jamii hii wanaoijua duniani ni wachache. Hatandi utando wa kunasia, huwinda kwa miguu, mchana hujificha chini ya mawe.

Akauliza nimempata wapi. Nikasema mlimani, chini ya jiwe. Lebo nimeiandika hivyo hivyo. Sikumwambia ni mawe ya kaburi la Sadoki! Rafiki yangu mwenyewe. Nimeyainua Jumapili, watu wakiwa kanisani.

Jumatano, 6 Juni
Mke wangu Leah katoka kisimani na habari: kaburi la Sadoki limechokonolewa. Nilidhani nimeyarudisha mawe vizuri — kumbe upande wa udongo nimeuacha juu. Mpumbavu mimi! Kwetu mawe ya kaburi hayaguswi. Gwakisa, kaka wa marehemu, anasema ni mjane, Ruti. Eti kaifungua roho ya mumewe imwachie, ili aolewe Tunduma.

Leah akauliza mbona sili. Nikasema tumbo.

Alhamisi, 7 Juni
Bwana anataka dume. Nirudi kwenye jiwe lile lile. Ndiyo, Bwana.

Sikwenda.

Ijumaa, 8 Juni
Nimekutana na Ruti, kabeba kuni. Nilitaka kukwepa, akaniwahi. Akasema, shemeji, kesho barazani kwa wazee unisemee, wewe mtu wa ofisi watakusikia. Wakimtia hatiani ataondoka peke yake. Watoto watatu watabaki kwa Gwakisa. Nikaahidi. Mdomo huu!

Nikisema ukweli, kanisani watanitenga. Bwana atajua lebo ni ya uongo, na kazi basi. Naogopa. Naona aibu pia kwamba naogopa, lakini aibu haijanifungua mdomo.

Jumamosi, 9 Juni
Baraza, uani kwa Gwakisa. Kwa kuwa najua kuandika, mimi ndiye karani wa shauri! Shajara nimeificha ndani ya daftari lao. Wazee wamesogea kando kushauriana.

Ruti kaapa kwa Biblia hajagusa jiwe. Gwakisa akasema, basi tuambieni, nani mwingine ana haja na mawe ya kaburi? Ruti akanitazama, akangoja. Nikainama kama mtu anayeandika. Sikuwa naandika kitu.

Wamerudi. Gwakisa anasema: karani, andika — Ruti, mjane wa Sadoki, leo ametoka katika nyumba hii, watoto wamebaki.

Nimeandika "Ruti". Nimeishia hapo.

Ruti mwenyewe kasogea, hana hasira hata kidogo. Shemeji, ananiambia, andika kwa mwandiko mzuri, wanangu wakikua waweze kusoma.

Gwakisa anauliza kama nimemaliza. Nimesimama, daftari mkononi. Wote wananitazama, na bado sijasema kwamba mawe niliyainua mimi.