Damu ya Kulisha Kidudu

Jumatatu, 4 Machi 1991
Kidudu cha Nanyama kimeota maabarani! Mtoto wa miaka mitatu kutoka Tongaren, homa ya uti wa mgongo. Ampisilini siku ya tatu na homa haishuki. Daktari anauliza: dawa gani itakiua? Nitajuaje, na sahani za kukipimia zimeisha. Chenyewe kina maringo kama shemeji – kinataka damu ya kondoo, tena iliyopikwa kidogo, tena kifungiwe kwa kopo na mshumaa. Kesho namtoa Madam damu. (Madam ni kondoo wetu, tunamfunga nyuma ya maabara.)

Jumanne, 5 Machi
Chamcha nyama! Kuna wageni wa Nairobi. Nimekula mapande matatu. Nikatoka na sindano kumtafuta Madam – kamba tu. Eliakim wa jikoni hata hajashtuka. Ati kondoo ni wa hospitali, wageni ni wa hospitali, shida iko wapi? Nimemtukana vizuri, na bado nilikuwa na mafuta mdomoni.
Nanyama amepata degedege jioni. Naogopa.

Jumatano, 6 Machi
Mzee Walubengo wa kanisa ana kondoo. Amekubali, bora aombe kwanza na ashike miguu mwenyewe. Ameomba mpaka kondoo akalala. Damu ikiingia chupani akauliza ya nini. Mimi na mdomo wangu: ya kulisha kidudu cha Nanyama. Akaachilia miguu. Ati munalisha ugonjwa? Nikaeleza: tunakinenepesha, halafu tunakiwekea vikaratasi vya dawa tuone ni gani inakiua. Akasema ameelewa kabisa. Akaenda wodini kumwombea mtoto.
Saa kumi mshumaa umewaka, kifuniko nimekaza.

Alhamisi, 7 Machi
Ampisilini – kidudu kimeota mpaka kwenye karatasi, kinaicheka. Kloramfenikoli – duara safi, pana, kidudu kimekufa! Nikakimbia wodini. Kitanda kitupu. Mama ametoroka na mtoto alfajiri. Mzee aliambia wodi nzima ati maabara inanenepesha ugonjwa wa Nanyama kwa damu. Alikuwa anatusifu!

Naandika garini, barabara ya Tongaren, kalamu inaruka. Dawa iko mapajani. Mzee yuko mbele na dereva, anaonyesha njia.
Tumemwona! Mtoto yuko mgongoni, kichwa kimelegea. Mama ameona koti langu jeupe, anaingia shambani mbio. Mzee ameshuka. Ati tulia hapa, Dinah mwanangu, wewe unamtisha, mimi nitamweleza.
Mama amesimama. Anasikiliza.
Mungu wangu. Ameanzia kwa damu.