Mhungaria Uliyempa Maneno

Richardson, Texas

Baba yangu mpendwa,

Shikamoo. Naomba barua hii ikukute goti likiwa limepoa, na Mama akiwa ameacha kukugombeza kwa kupanda ngazi. Mimi ni mzima. Joto la huku linatukausha kama ng'onda, ila kazi ya kuhariri video za harusi za wenzetu, kuanzia hapa hadi Houston, inanipatia riziki.

Nakuandikia kwa sababu kwenye simu ulinikatiza, na hoja yangu haikufika mwisho.

Jirani yangu Laszlo, yule mzee wa Kihungaria, ameigiza filamu kwa nusu karne bila kuwa nyota hata mara moja. Alikuwa bawabu, mhudumu wa treni, polisi anayeuawa mapema. Waongozaji walimpa maneno mawili, matatu, kisha risasi. Nilipotambua kuwa ndiye uliyekuwa ukimtafsiri kwa kipaza sauti, filamu ikiendelea, kwenye banda lako la video kule Tanga, yule mliyemwita Shemeji kwa kuwa hakosekani kwenye shughuli yoyote, nilifurahi mno. Nikawakutanisha kwa simu ya video.

Ulimwambia, "Shemeji, bado hujafa tu?" Nilipomfasiria, akaanguka kwenye kochi kama aliyepigwa risasi, nawe ukacheka hadi ukakohoa. Nikamweleza kwamba pale walipompa maneno mawili, wewe ulimtungia hotuba nzima: ugomvi na mama mkwe, jogoo aliyeibwa Korogwe, hofu ya kuzeeka peke yake. Akafuta macho.

"Mwambie baba yako," alisema, "hakuna mwongozaji mwingine aliyeniacha nizungumze."

Hapo nikakwambia kwamba amecheza katika filamu yangu ya kuhitimu, nikataka kukueleza inahusu nini. Ukasema, "Wewe tulia kwanza, mpishe mwenzako."

Mwenzangu? Tasnifu yangu yote ilitetea kwamba mwigizaji wa pembeni ndiye nguzo ya filamu, na hoja hiyo siifuti. Lakini nimekulia nyuma ya kipaza sauti chako, nikikusikia ukimpa mtu usiyemjua mizaha na huruma zote, kisha ukirudi nyumbani kimya, umekwisha kusema. Namwonea wivu, Baba, wala sioni haya kuliandika hilo.

Kisha Jumapili ukaniletea ujumbe: "Nitumie ile uliyomchezesha Shemeji." Hukusema "filamu yako".

Nimeituma leo. Shemeji anaonekana mwanzoni: anakuja kununua kitanda cha mtoto, anakipapasa, anaghairi, anaaga na kutoka mlangoni akiwa hai. Harudi tena. Yanayofuata, hadi mwisho, ni yangu mimi, na hayana mzaha hata mmoja.

Nisalimie shangazi wa Muheza na dada yangu aliyejifungua. Msalimie sana Mama, ambaye najua atakaa kando yako mkiitazama. Nitamuuliza yeye, si wewe, uliizima ilipofika wapi.

Mwanao,
Hemedi