Ngozi ya Ndama

Kakuma, Jumanne, Machi 1974

Na bado daktari kaandika kwamba ngamia ana ugonjwa wa kiwele.

Ndama wa ngamia wa Mama Akiru alitumbukia korongoni akafa. Mama akaikausha ngozi yake. Kila akikamua humnusisha ngamia, naye akidhani mwanawe yupo, huachia maziwa. Jumamosi daktari wetu mpya wa mifugo, ninayembebea sanduku la dawa, akaiona ngozi, akasema ni uchafu wa maradhi, ichomwe.

Leo ngamia kazuia maziwa. Daktari akatoa sindano.

"Daktari, huyu si mgonjwa," nikasema. "Anamtafuta mtoto."

"Wewe umesoma chuo gani?"

"Cha kuchunga, bwana. Miaka thelathini, na bado sijafuzu."

Hakucheka. Akadunga.

Mama Akiru akanigeukia mimi, si yeye. "Huyu mgeni, hajui ngamia. Wewe je? Watoto wangu watakunywa nini, sindano?"

Nikajifanya nafunga sanduku la dawa.

Jumamosi nilijua itakuwa hivi. Niliogopa kufutwa kazi, nikanyamaza. Daktari aliamuru tu. Aliyewasha kiberiti ni mimi.