Mtani Alipolizuia Jeneza Lako

Dada Vero,

Wiki ya sita sasa tangu tukuzike, na nimekaa kuandika kwa sababu nina mtu wa kumchongea kwako. Bi Zuhura, mtani wako, yule Myao muuza vitumbua wa Shangani, alikuaibisha siku ya maziko yako. Tena mbele ya Padri!

Unanijua. Miaka tisa nimesimama nyuma yako kwenye kwaya, kazi yangu kuitikia tu. Ukinisukuma nianzishe wimbo, najifanya nakohoa. Basi ulipofariki, kwaya nzima ikanitazama mimi, na mimi nikatazama chini. Lo! Wewe uliyeanza kuimba Nanyamba ukibangua korosho, ukafukuzwa kwaya ya kigangoni kwa kuingiza ngoma ya Kimakonde kwenye Aleluya, ukaja Mtwara ukaanza upya. Wewe uliyewaimbia wakimbizi kule Kitaya mpaka wazee waliovuka mto wa mpakani na mikeka tu kichwani wakasimama kucheza. Ukaimba hata redioni, ukarudi umenuna eti wamekukataza kupiga makofi. Mtu kama huyo azikwe kimya kwa sababu ya woga wangu! Iliniuma, Dada, sikufichi.

Tulipoinua jeneza pale nyumbani kwenu, Bi Zuhura akatoka ndani amevaa joho lako la kwaya, limembana tumbo, mwiko mkononi, anatuongoza: shingo upande, jicho moja kalifumba. Vero mtupu! Waliokuwa wanalia wakaangua kicheko. Halafu akajilaza njiani, chali.

"Mmakonde huyu kanipigia kelele miaka yote, leo mnampitisha bubu? Hapiti mtu hapa mpaka aimbiwe!"

Padri wetu ni mgeni, utani wa huku haujui, akawaka. Baba yako mdogo akamshika mkono: "Mwache, Padri. Huyo ni mtani, ana haki yake." Wabebaji wakasimama juani, jasho linawatiririka. Nani atamruka mtani?

Nikakohoa.

Mama yako akanigeukia, macho mekundu. "Kohoa, Rosa, ukimaliza uimbe."

Nikaanzisha ile ile Aleluya yako ya Nanyamba. Juu mno! Hakuna aliyenifikia. Bi Zuhura akainua kichwa kutoka mavumbini: "Shusha, mwanangu! Tunazika, hatupai!"

Nilicheka huku nalia. Nikashusha, kwaya ikadaka, mtu akaleta ngoma sijui kaitoa wapi. Bi Zuhura akainuka, akajipangusa, akatangulia akicheza hadi makaburini, Muislamu wa watu ndani ya joho la kwaya. Padri naye niliuona mguu wake, ulikuwa unagonga chini.

Nimekukumbuka mno, Dada. Kila Jumapili nageuka kutafuta ulipo, kumbe uliposimama ndipo niliposimama mimi. Makosa nafanya. Juzi nilisahau ubeti wa pili nikaimba wa kwanza mara tatu, na waumini wakanisifu kwa kusisitiza neno. Joho Bi Zuhura hajalirudisha, anapikia vitumbua nalo, na kila nikipita ananidai wimbo. Namwimbia pale pale barabarani, watu wanasimama.

Pumzika, Dada yangu. Nakuahidi nyimbo zako hazitalala. Na Bi Zuhura akinitangulia kaburini, mimi pia ni Mmakonde, mtani wake: nitajilaza mlangoni kwake, na hatoki mpaka watu wacheke.

Mdogo wako,
Rosa