Pikapu Iliyorudi Tupu Kutoka Kabuchai

Baba Nekesa,

Usishtuke. Ni mimi, mama yake Naliaka, mkwe wako. Najua unashangaa, maana tangu umwoe binti yangu, mimi na wewe hatukuwahi kuongea uso kwa uso. Kwetu mama mkwe na mkwe hawashikani mkono, hawakai chumba kimoja, hata jina hawaitani. Ukifika kwangu Kitale, mimi naingia jikoni. Nikitaka kukwambia kitu namtuma Naliaka, na wewe ukitaka kunijibu unamtuma huyo huyo Naliaka. Maskini, mtoto alichoka miguu kwa heshima yetu. Hata siku tuliyokuzika huko kwenu Kabuchai nilikaa nyuma na wanawake wa kupika. Jeneza likapita. Sikukuona uso.

Sasa umekufa. Nani atanikataza kukuandikia? Niliachia darasa la tatu na mwandiko wangu umelala lala kama mahindi yaliyopigwa na mvua ya mawe, lakini wewe ni mwalimu. Umeshasahihisha mabaya kuliko haya.

Nimefanya jambo la aibu nyumbani kwako. Nilikuja kumchukua Naliaka na watoto nikae nao Kitale, nikarudi na pikapu tupu. Wanaokuja huko uliko watakuletea hiyo habari ikiwa imeongezwa chumvi. Heri uisikie kwangu.

Nianze na pikapu yenyewe. Unakumbuka ilivyokuwa inavuja oili juu ya injini, kwenye kile kifuniko ambacho mafundi wanakiita tapeti kava. Oili ikishuka kwa eksozi, moshi unatoka kwa boneti, watu wa kanisa wananipisha njia kama naleta moto. Naliaka akaniambia, “Mama, Baba Nekesa anasema ni gasiketi tu, ile raba ya kuziba chini ya kifuniko. Atakuja Jumamosi aibadilishe hapa hapa nyumbani.” Nikamwambia, “Mwambie mwalimu afundishe watoto. Hana gari, ana baiskeli, sasa anataka kujifunzia kwa gari langu.” Sijui kama Naliaka alikupelekea hilo neno lote. Natumaini alikata nusu.

Ukaja hata hivyo. Umevaa koti la kijivu la maabara lililotoboka kiwiko, umebeba sanduku la spana. Mimi nikajifungia jikoni, lakini ukuta wa jikoni yangu ni wa mbao na mbao zimeachana. Basi nilikuona. Nilikuona mgongo na kisogo, na ile mikono inayotokea kando. Ulingoja injini ipoe mpaka nikaanza kukasirika. Ukatoa waya za plagi moja moja. Ukafungua bolti ukazipanga juu ya gazeti vile zilivyokaa. Ukaziba ndani kwa kitambaa safi uchafu usianguke, ukakwangua gasiketi ya zamani iliyoganda kama ukoko wa ugali, ukapangusa kwa petroli. Naliaka alikaa kando yako akikupa spana, leso yake yote oili. Mkicheka. Nikapiga kelele kutoka jikoni, “Naliaka! Wewe ni bibi ya mtu au ni turnboi wa lori?” Mkanyamaza. Halafu mkacheka tena, polepole.

Mambo yote hayo niliyaona. Kitu kimoja sikukiona, kwa sababu mgongo wako ulikifunika, nami nisingeweza kutoka nije nisimame karibu. Nitakifikia.

Pikapu ilinyamaza. Haikuvuja tena mpaka ile homa ikakuchukua. Hukuniaga, lakini hilo si kosa lako, ningejificha jikoni.

Baadaye ikaanza tena tone, tone, hapo kwa uwanja wangu. Na mimi nilisema nini? Nilisimama mbele ya wanawake wa kanisa nikasema, “Si mnaona? Kazi ya mwalimu ni chaki. Alibahatisha.” Nimesema maneno hayo na udongo wako haujakauka. Mmoja akaangalia chini. Mimi nikaendelea kuongea tu, unajua mdomo wangu.

Wakati huo nilikuwa nimeshakata shauri kuhusu Naliaka. Niliona mtoto wangu amebaki Kabuchai kwa watu wasio wake, mjane, na watoto wawili na kipande cha miwa. Nikasema nitamleta nyumbani. Nani atanizuia? Mzee wangu alipokufa wanaume walikuja kuniambia niuze pikapu. Sikuuza. Nilijifunza kuiendesha hapo shambani kati ya mahindi, nikaangusha ua wa jirani, nikaujenga, nikapata leseni. Nikajiambia mwanamke aliyefanya hayo hawezi kushindwa na gasiketi.

Nikaenda duka la spea mjini Kitale. Kijana akaniona nyanya yake, akaniuliza, “Shosh, fundi ako wapi?” Nikamwambia, “Fundi ni mimi. Lete gasiketi uache kunihesabu meno.” Akaleta.

Nikafanya kila kitu kama ulivyofanya. Nilingoja ipoe, nikapanga bolti kwa gazeti, nikaziba kwa kitambaa, nikakwangua, nikapangusa. Ningekufa kwa majivuno siku hiyo! Nilipofika kufunga, nikashika spana kwa mikono miwili nikakaza. Kwani kitu kinachovuja si kinakazwa? Hata mfuniko wa jerikeni unakazwa. Nikakaza mpaka spana ikalia. Nilikumbuka viwiko vyako vilivyokuwa vinacheza kidogo kidogo nikasema, ndiyo maana, mtu mwenyewe hakuwa na nguvu.

Nikawasha. Hakuna tone. Nikazunguka pikapu yangu kama bibi harusi.

Asubuhi nikaondoka kuja kwenu. Sikutuma neno. Sikumpigia Naliaka simu, ingawa kredo ya kupigia nilikuwa nayo. Nilijua nikituma neno mama yako atawaita ndugu zako, watakaa, wataongea, watanipikia kuku, na mtu akishakula kuku wa watu hawezi tena kubeba mtu wao. Nilitaka kufika, kupakia, kuondoka. Hivyo ndivyo nilivyopanga kuingia kwa wakwe zangu, Baba Nekesa. Kama mnunuzi wa ng'ombe.

Nilipopita Chwele nikasikia harufu. Nikasema ni gari la mbele. Mbele hakukuwa na gari. Nilipoingia kwa lango lenu moshi ulikuwa umeingia kabla yangu. Kuku walikimbia. Mama yako alitoka akidhani kuna moto, ameshika ndoo ya maji. Akaniona mimi nikishuka, mama mkwe wa mwanawe, kichwani kitambaa kikubwa cha Jumapili, na nyuma yangu pikapu inatema oili kwa uwanja alioufagia asubuhi. Uwanja ule ule ulipolazwa wewe siku ya mazishi.

Aliweka ndoo chini, akaingia ndani, akarudi na karai kuukuu, akainama akaliweka chini ya gari langu. Kama unavyomwekea mtoto anayejikojolea. Halafu akanikaribisha. Akasema, “Mama Naliaka, ungetuma neno tungekupikia.”

Ningependelea anipige.

Naliaka akatoka shambani na jembe. Mimi badala ya kumsalimia nikamwambia, “Funga vitu, tunaenda.” Hapo hapo, mbele ya mama yako. Naliaka akaniangalia, akaangalia karai, akasema, “Hakuna anayeenda mahali na hiyo, Mama. Ngoja ipoe.” Kama wewe. Sauti ile ile ya polepole inayoudhi.

Basi nikangoja. Nikakaa kwa kiti chenu nikanywa chai yenu, na Nekesa akaniletea muhogo, na mama yako akaniuliza mvua ya Kitale ikoje. Mvua! Nilikuja kumnyang'anya wajukuu na ananiuliza mvua. Nilijibu vizuri tu.

Ilipopoa Naliaka akavaa koti lako la kijivu. Halijafuliwa, nilisema lifuliwe, akakataa. Akaleta sanduku lako akafungua boneti. Na mimi, kwa mara ya kwanza, nilitoka nikaja kusimama pale karibu kabisa, kwa sababu hukuwepo tena pale wa kuheshimiwa. Sijui kama unaelewa jinsi hilo liliniuma.

Akatoa kifuniko. Gasiketi yangu mpya ilikuwa imejibinya ikatokeza nje kama ulimi, na kwa kona moja imepasuka kabisa. Naliaka akauliza, “Mama, hii ulikaza na nini?”

“Na mkono wangu.”

“Mmoja?”

Nikaficha mkono wa pili ndani ya leso. Mama yako akageuka upande akajifanya anafukuza kuku ambao hawakuwepo.

Naliaka akaniambia si kuvuja kwa kulegea. Gasiketi ni laini, inatakiwa ikaliwe na kifuniko, isisagwe. Akanionyesha unavyoshika spana: si kwa mkia, ni hapa karibu na kichwa chake, ili mkono ukose nguvu hata ukitaka. Unaanza bolti za katikati, unavuka upande huu na ule, kila moja kidogo, halafu unarudi tena kidogo. Ukihisi imeshika, unaacha. “Baba Nekesa alikuwa anasema, ukihisi unataka kuongeza, hapo ndipo pa kuacha.” Hicho ndicho mgongo wako ulinificha. Nilidhani ni unyonge.

Nikasema sawa, tutapata wapi nyingine, Bungoma mjini ni mbali na jua linashuka. Naliaka akainua spana zote kwa sanduku, na chini kabisa, imefungwa kwa gazeti na kulazwa bapa isije ikajikunja, kulikuwa na gasiketi. Ya gari langu. Alisema uliinunua siku ile ile uliyobadilisha ya kwanza, ukamwambia hizi hukauka na umri, siku moja itavuja tena, na mama hatapenda kungoja.

Wewe mwenye baiskeli. Na mimi kwa kanisa nikisema… Achana nayo. Unajua nilichosema, nimekiandika hapo juu, sikiandiki mara mbili.

Na wewe nawe, kwa nini hukusema? Si ungemtuma Naliaka aniambie, nyinyi wawili mlikuwa mnapita huko na huku siku nzima! Mtu anakunyamazia wema mpaka anakufa, halafu wewe ubaki nao peke yako kama sufuria ya moto isiyo na mahali pa kuwekwa.

Akaifunga. Mimi nilimshikia tochi ya simu. Akajaza oili, akawasha, tukazunguka kile kifuniko kwa mwanga polepole, pembe zote. Pakavu. Nikasahau kila kitu nikasema, “Haya, sasa pakieni.” Unaona mtu alivyo mgumu?

Naliaka alikuwa anafuta mikono. Hakupandisha sauti. “Mama, siendi. Miwa yangu iko hapa. Watoto wana shule hapa. Baba Nekesa amelala hapo.” Akaonyesha kwa kidevu, upande wa kaburi lako. “Nikiharibikiwa nitakuita. Sijaharibikiwa.”

Nilitaka kumjibu. Maneno nilikuwa nayo tele, yamejaa mdomoni. Lakini nilimwangalia amesimama na koti lako, oili mpaka kwenye viwiko, na injini inanguruma vizuri nyuma yake, gari lililokuja kumng'oa na yeye ndiye aliyelitengeneza liondoke. Nikahisi nataka kuongeza neno. Nikaacha.

Mama yako alinifungia ndizi kwa majani na kunipa jogoo. Mimi niliyeingia kwake bila hata sukari. Alipokuwa ananisindikiza langoni niliona ameshamwaga jivu juu ya ile oili ya uwanjani, ameisawazisha kwa mguu, isionekane. Naliaka akainama dirishani akasema, “Mama, ukija tena, njoo kama mgeni.”

Nililia mpaka Kiminini. Hapo nikasimama kando ya barabara, nikafungua boneti, nikaangalia. Pakavu. Jogoo wako alinitazama kutoka kwa kiti.

Jumapili niliwaambia wanawake wale wale kwamba nilikosea, kwamba mkwe wangu alikuwa fundi na mimi ndiye niliyeharibu. Walicheka sana kuhusu mikono miwili. Waache wacheke.

Sasa lala, Baba Nekesa. Nakuahidi hivi. Tukishavuna nitakuja, na nitatuma neno mapema mpaka mama yako achoke kulisikia. Nitaacha pikapu nje ya lango mpaka nikaribishwe. Nitaleta gunia la mahindi na sukari na koti jipya la kazi la Naliaka, lile lako nisiliguse. Naliaka sitamwita tena nyumbani, nyumbani kwake ni huko, nimejionea. Siku gasiketi hii itakapokauka, nitampelekea gari yeye, nisimame kando yake nimpe spana, leso yangu ichafuke.

Na asante. Kwa ile Jumamosi, na kwa ile ya kwenye gazeti. Nilipaswa kukwambia ukiwa hapo uwanjani kwangu, mbao tu kati yetu. Leo sijamtuma mtu.

Mama yake Naliaka
Kitale