Mwenye Kwake Hapigi Hodi

Jumatatu, 3 Juni

Tumechaguliwa! Mizani, mwalimu wetu wa kwaya, ametangaza kantini saa ya chai, kasimama juu ya kiti, chai inamwagikia kiatu chake mwenyewe. Tamasha la kwaya za wafanyakazi, Jumamosi ya tarehe 15, na litarushwa redioni moja kwa moja. Sisi wa posta tutaimba ule wimbo "wangu". Ubeti nitauimba peke yangu. Makofi. Mtunzi wetu! Mtunzi wetu!

Nilitazama kikombe.

Niandike ukweli walau hapa. Sikutunga kitu. Mwezi wa nne ilifika chumbani kwetu barua namba 212. Mimi na Mama Lakiri ndio tunaoshughulikia barua zilizokwama: mwandikiwa hayupo, na nyuma ya bahasha hakuna anwani ya mtumaji. Mmoja anafungua, mwingine anashuhudia. Unasoma mpaka uone anwani, ukiiona unaacha hapo hapo. Tuliapa. Siku ile Mama Lakiri aliitwa kwenye simu. Nikasoma peke yangu. Anwani haikuwepo, nikafika mwisho.

*Mwanangu, baba yako ndiye aliyekufukuza, lakini mimi nilikuwepo na nikanyamaza. Ufunguo uko pale pale, chini ya ndoo iliyotoboka. Usipige hodi. Mwenye kwake hapigi hodi. Baba yako hajui kama nauweka. Iwe siri yetu.*

Barua kama hiyo hukaa miezi sita, kisha huchanwa. Ichanwe! Nikaitia kwenye mkoba. Wiki hiyo hiyo Mizani alikuwa analia njaa ya maneno — amechoka na "Tunapeleka, tunapeleka, jua na mvua tunapeleka". Nikampa mistari minne. Akauliza ni yangu? Nikasema ndiyo. Neno fupi vile.

Ule mstari wa siri sikuutia kwenye wimbo. Kana kwamba hilo linanisafisha.

Alhamisi, 6 Juni

Mazoezi kwenye ukumbi wa vifurushi baada ya kaunta kufungwa. Tunajipanga kati ya magunia, sauti ya kwanza upande wa mlango, ya nne karibu na mzani mkubwa. Mizani anaongoza kwa muhuri wa tarehe — mapigo matatu mezani, ndipo tunaanza. Leo alisahau kuufuta wino, akatoka na tarehe ya leo kwenye shavu. Baiskeli, mpeleka barua wa sauti ya tatu, akasema mwalimu akipotea sasa tutajua alitumwa lini. Tulicheka mpaka nikasahau. Karibu nisahau.

Kisha nikaimba ubeti. Kwenye "chini ya ndoo iliyotoboka" Mama Lakiri aligeuza shingo.

Wakati wa kukunja viti akaniuliza, "Hiyo ndoo umeiona wapi, binti?"

Kwa bibi yangu, nikasema.

Bibi yangu aliishi ghorofa ya tatu. Hakuwa hata na mahali pa kuweka ndoo.

Ijumaa, 7 Juni

Mdogo wangu anauimba bafuni, anaupiga kwenye sufuria, anaufanya kuwa wa kudaiana zamu ya vyombo. Mama alikuwa anapasi. Akasema bila kuinua macho: "Hayo maneno si yako."

Nikauliza kwa nini.

"Wewe ukiandika, mtu lazima aazime kamusi. Hayo yamesemwa na mtu aliyezaa."

Akageuza kola, akaendelea kupasi.

Jumatatu, 10 Juni

Imekuja nyingine.

Niliijua kabla sijaigusa. Wino wa zambarau, herufi zimelala kinyumenyume kama zinasukumwa na upepo. Mwandikiwa yule yule. Juu yake muhuri ule ule: HAYUPO, AMEHAMA. Mama Lakiri akaipasua kwa kisu chake, mimi shahidi. Safari hii anwani ipo, mstari wa kwanza kabisa: *Nijibu kwa sanduku la fundi cherehani*, na namba. Mama Lakiri akafunika karatasi nzima kwa kiganja. Ndiyo sheria. Kiganja chake kikubwa na safi!

Kisha akasema: "Mwandiko huu si mgeni. Mwezi wa nne. Ilete ile ya kwanza, tumrudishie mwenyewe zote mbili."

Ile ya kwanza iko nyumbani, ndani ya kitabu changu cha takwimu. Nikasema nitaitafuta. Akasema haina haja ya kutafutwa, kila kitu kiko kwa namba.

Nikasema nitaitafuta.

Jumanne, 11 Juni

Nimeirudisha. Nilifika saa moja kasoro, nikaichomeka kati ya 211 na 213. Nikaketi. Nikajiambia yameisha.

Mama Lakiri aliitoa, akainusa. Ina harufu ya kabati la mtu, akasema. Akaifungua kulinganisha mwandiko. Nikaona macho yake yakishuka — mstari, mstari — yakasimama. Najua yalisimama wapi.

Hakupiga kelele. Heri angepiga. Aliikunja kwenye mikunjo yake ile ile, akaitia kwenye bahasha mpya pamoja na ya pili, akayeyusha lakiri juu ya mdomo wa bahasha, akabonyeza.

"Miaka ishirini na miwili nafungua barua za watu," akasema. "Nimesoma vifo. Nimesoma mapenzi ya watu ninaosalimiana nao. Sijawahi kuimba hata moja."

Nikaanza kusema kitu. Akainua mkono.

"Mimi sitakusemea. Utasema mwenyewe. Kabla ya Jumamosi."

Alhamisi, 13 Juni

Sijasema. Jana nilimfuata Mizani mara mbili. Mara ya kwanza alikuwa anamwonyesha mlinzi jinsi atakavyoinama baada ya makofi. Mara ya pili nikajificha nyuma ya magunia kama panya.

Leo mazoezini Baiskeli kaja na habari zake. Ndiye aliyepeleka ile bahasha, maana ya lakiri hupelekwa mkononi. Kumbe mwenyewe alikuwepo pale kwa fundi, mama wa makamo, kaishika mkononi kaiangalia. Akauliza, kumbe hazikumfika mwanangu? Akalia mbele ya wateja. Baiskeli — alinunua pikipiki ya kazi na bado tunamwita Baiskeli — hawezi kuona machozi, ni mtu laini. Akamwambia mama usilie, Jumamosi sikiliza redio, sisi wa posta tuna wimbo wa mtoto kurudi kwao. Utakufaa!

"Akafurahi," anasema. "Lakini redio ya kwao iko chumbani kwa mzee wake, haizimwi toka asubuhi hadi jioni, na yeye kuingia humo ni kwa shughuli maalumu. Nikampa tiketi. Anakuja mwenyewe!"

Wote wakampongeza. Mama Lakiri hakunitazama. Ndiyo ilikuwa mbaya zaidi.

Mama yule atakuwa ukumbini. Mzee atakuwa kwenye redio yake. Nami nitaimba mbele ya wote wawili ufunguo uko wapi.

Ijumaa, 14 Juni

Nimemwambia Mizani. Alikuwa anapima kifurushi. Aliniacha nimalize, akakipima tena kile kile, akakipima tena.

"Kila mtunzi huokota," akasema mwishowe.

Sikuokota, mwalimu. Ilikuwa imefungwa.

Akakaa juu ya mzani. Sindano ikaruka. Kubadili wimbo haiwezekani, redio wameshapewa jina, watu ishirini na wanne hawawezi kujifunza mwingine kwa siku moja. Kiitikio hakina siri, akasema, hodi ni ya watu wote. Ila ubeti. "Ubeti ni wako. Mimi naongoza mikono, siongozi ulimi wa mtu."

Basi nitoe ndoo. Niweke mlango, niweke dirisha, neno lolote la silabi zile. Nimejaribu mchana kutwa. Yote yanaimbika! Lakini yule binti aliyefukuzwa — popote alipohamia — akisikia dirisha, ni wimbo tu. Akisikia ndoo iliyotoboka, ni mama yake. Barua mbili hazikumfika. Na mimi mpeleka barua wa namna gani?

Naye mzee akisikia ndoo, ataenda kuiinua.

Si yangu kuchagua. Haikuwa yangu tangu mwezi wa nne.

Jumamosi, 15 Juni

Naandika nyuma ya ratiba, kwenye benchi la ukumbi wa nje. Kwaya ya reli iko jukwaani. Sisi tunafuata.

Mama Lakiri kanishika mlangoni. Umesema? Nikasema nimemwambia Mizani.

"Mizani ndiye mwenye barua?"

Basi nikaenda. Baiskeli alikuwa amemweka kiti cha pili mbele. Mdogo kuliko nilivyodhani. Kidole cha shahada kina doa la zambarau. Nikamwomba tutoke kidogo. Akanifuata bila kuuliza, akidhani labda kiti si chake.

Nikasema yote nikiwa nimesimama. Kusoma, mkoba, ubeti, mzee na redio yake. Nilisema kuwa naweza kutia neno jingine. Nilisema samahani, mama, nikaona jinsi neno hilo lilivyo dogo.

Hakunipiga. Hakulia. Alikaa hapa kwenye benchi, nami nikakaa. Kisha akauliza:

"Hiyo redio yenu inafika wapi?"

Kote, nikasema.

"Kote?"

Kote, mama. Hata huko alikohamia mwanao.

Akaomba afikiri kidogo. Nimeshika kalamu ili mikono ipate kazi. Reli wamemaliza, wanapigiwa makofi. Wenzangu wanapita, sauti ya nne kwanza. Mama Lakiri amepita, amesimama hatua tatu mbele, ametupa mgongo kama anatukinga.

Mizani amepiga muhuri wa kwanza. Ukipigwa wa tatu lazima niwe nimesimama kwenye mstari. Nimemuuliza mama: niimbe ndoo, au nisiimbe? Midomo yake inacheza bila sauti.

Muhuri wa pili.

Amenishika kiwiko. Amefungua mdomo —